Kutoka Herufi za Risasi hadi Filamu Isiyojirudia: Maelezo juu ya Kazi ya Gary Hustwit

1. Utangulizi

Miongoni mwa kazi za mikono ya binadamu, ziko zinazotazamwa na ziko zinazotumiwa bila kutazamwa. Sanamu iliyowekwa katika jumba la makumbusho hutazamwa, maana imewekwa pale kwa ajili hiyo. Lakini mpini wa kisu, kiti cha ofisini, kibao cha barabarani na herufi za gazeti hutumiwa kila siku na maelfu ya watu, na ni nadra mmoja wao kusimama akauliza ni nani aliyevibuni vitu hivyo, na kwa nini akavipa umbo hili wala si jingine. Tena, kadiri kitu kinavyofanya kazi yake vizuri ndivyo kinavyozidi kutoonekana. Msomaji huziona herufi pale tu zinapomsumbua.

Makala haya yanakusudia kueleza kazi ya Gary Hustwit, mtengenezaji wa filamu wa Marekani, ambaye tangu mwaka 2007 amejishughulisha hasa na watu wanaobuni vitu vya namna hiyo: wachoraji wa herufi, wasanifu wa vifaa, wapangaji wa miji, na hatimaye mwanamuziki mmoja. Filamu zake ni za hali halisi. Yaani, haziigizwi, bali hutokana na mahojiano na watu wenyewe, picha za mahali penyewe na kumbukumbu zilizohifadhiwa.

Huenda msomaji akauliza kazi hii inatuhusu nini sisi tunaoshughulika na lugha na fasihi. Jibu letu ni kwamba inatuhusu mara mbili. Kwanza, filamu yake ya mwanzo inahusu umbo la maandishi, nayo maandishi ndiyo mwili ambao lugha huuvaa ikitoka kinywani kwenda kwenye karatasi. Pili, filamu yake ya mwaka 2024 imezua swali ambalo wachunguzi wa fasihi simulizi wamepambana nalo kwa muda mrefu: ikiwa kazi haitolewi mara mbili kwa namna moja, matini yake halisi ni ipi?

2. Kabla ya kamera

Hustwit alianzia katika muziki na uchapishaji. Mwishoni mwa miaka ya 1980 alifanya kazi na SST Records, kampuni ya California iliyorekodi muziki wa panki. Huo ulikuwa muziki wa vijana waliozoea kujitengenezea santuri zao, matangazo yao na safari zao za maonyesho bila kungoja kibali cha kampuni kubwa. Katika miaka ya 1990 aliendesha shirika dogo la kuchapisha vitabu, Incommunicado Press. Mwaka 2001 alishiriki kuanzisha Plexifilm, kampuni iliyotoa filamu katika diski za video, na kwa njia hiyo akawa mtayarishaji wa filamu zilizoongozwa na wengine. Miongoni mwazo ni I Am Trying to Break Your Heart ya mwaka 2002, iliyoongozwa na Sam Jones, inayohusu bendi ya Wilco; na Moog ya mwaka 2004, iliyoongozwa na Hans Fjellestad, inayohusu Robert Moog, mhandisi aliyebuni ala ya muziki ya umeme iliyobeba jina lake.

Mambo mawili katika historia hii yanatusaidia kuelewa yaliyofuata. La kwanza ni kwamba mchapishaji wa vitabu halazimiki tu kusoma maneno. Hana budi pia kuchagua herufi za kuyabeba. La pili ni kwamba aliyelelewa katika desturi ya panki hujua kujitegemea. Hustwit alipoanza kuongoza filamu zake mwenyewe, alizichukua kutoka mji hadi mji kama bendi inavyozunguka na nyimbo zake, akizionyesha na kujibu maswali ya watazamaji. Baadaye, kwa filamu za Urbanized na Rams, sehemu ya gharama ilitokana na michango ya watu wengi iliyokusanywa kwa njia ya intaneti. Sisi tungeiita harambee, na hatungekosea sana.

3. Helvetica: filamu juu ya herufi

Filamu ya kwanza aliyoiongoza, Helvetica, ilionyeshwa mara ya kwanza Machi 2007. Mhusika wake mkuu si mtu bali ni sura ya herufi. Kwa sura ya herufi tunakusudia mtindo mmoja wa kuchora alfabeti nzima, kuanzia A hadi Z, pamoja na tarakimu na alama za kituo, ili zote zifanane kama watoto wa tumbo moja.

Sura hiyo ilizaliwa mwaka 1957 katika kiwanda cha Haas cha kusubu herufi za risasi, mjini Münchenstein, Uswisi. Eduard Hoffmann, aliyekuwa mkuu wa kiwanda, ndiye aliyeitaka. Max Miedinger ndiye aliyeichora. Mwanzo iliitwa Neue Haas Grotesk. Mwaka 1960 ilipewa jina la Helvetica, linalotokana na jina la Uswisi katika Kilatini, ili iuzike katika nchi nyingine. Ikauzika kweli. Ilienea katika vibao vya reli, fomu za serikali, milango ya maduka na nembo za makampuni. Shirika la ndege la American Airlines liliitumia katika nembo iliyosanifiwa na Massimo Vignelli mwaka 1967, na halikuiacha hadi 2013.

Hustwit angeweza kuisimulia historia hii kwa sauti ya msimulizi mmoja, kama zifanyavyo filamu nyingi za kuelimisha. Hakufanya hivyo. Katika filamu hii hamna msimulizi. Wanaosema ni wanaofanya kazi yenyewe, na katikati ya maneno yao kamera hutoka nje kwenda kuonyesha herufi zikiwa kazini: juu ya kuta, juu ya magari, juu ya mapipa ya taka. Hivyo mtazamaji husikia kanuni, kisha huenda barabarani kuiona. Matthew Carter, mchoraji wa herufi wa Uingereza, anaeleza kwamba akianza sura mpya huanza na herufi chache tu, kama vile h, o na p. Msomaji ataona sababu mara moja. Herufi h huonyesha nguzo iliyonyooka na upinde wake; o huonyesha duara; na p huunganisha mambo hayo mawili pamoja na mkia unaoshuka chini ya mstari. Ukishazipata hizo, umepata kanuni za kuzalisha herufi nyingine nyingi. Mwanaisimu aliyezoea kuchunguza jinsi sauti chache zinavyozaa maneno mengi hatapata taabu kuifahamu kazi hii.

Mwingine, Mike Parker, anaeleza kwamba ubora wa Helvetica hauko katika wino peke yake bali katika nafasi nyeupe iliyo ndani ya herufi na baina yake. Nafasi hiyo ndiyo inayozishika herufi zisiyumbe. Hoja hii nayo si ngeni kwetu. Mghani wa tenzi ajua kwamba kituo nacho ni sehemu ya mizani, na kwamba ubeti usio na mahali pa kupumzikia huanguka.

Ubora mkubwa wa filamu hii, hata hivyo, ni kwamba haikuwaita mashabiki peke yao. Vignelli anaisifu Helvetica kwa uwazi na nidhamu yake. Erik Spiekermann wa Ujerumani, kwa upande wake, anailaumu kwa kuwa herufi zake zimefanana mno, mfano wa kikosi cha askari. Paula Scher wa New York anakumbuka kwamba katika ujana wake aliihusisha na makampuni makubwa, na kwa hiyo na vita vya Vietnam. Na David Carson, aliyesanifu gazeti la muziki la Ray Gun, ndiye aliyekwenda mbali kuliko wote. Siku moja alipata mahojiano na mwimbaji Bryan Ferry, akayaona yanachosha, akayachapa yote kwa Zapf Dingbats, ambayo si herufi hata kidogo bali ni alama za nyota, mikono na mishale. Makala yakawa yamechapwa, na hakuna awezaye kuyasoma.

Kisa hiki huwachekesha watazamaji, lakini kina hoja nzito. Carson alitaka kuthibitisha kwamba maandishi kusomeka si sawa na maandishi kuwasiliana. Na wapinzani wake humjibu kwamba mwenye maneno ana haki ya kusomwa kabla ya kuhukumiwa. Hustwit haamui kesi. Anaziweka hoja mbili mbele ya hadhira, kama mshairi wa malumbano atoaye swali na kumwachia mwenziwe jibu.

4. Kutoka kifaa hadi mji

Filamu ya pili, Objectified, ya mwaka 2009, inahusu usanifu wa vifaa. Humo anasikika Jonathan Ive, aliyesanifu mashine za Apple, na Dieter Rams, aliyesanifu vyombo vya kampuni ya Braun ya Ujerumani. Lakini somo lililo wazi kuliko yote linatokana na kifaa duni cha jikoni, yaani kimenyeo cha viazi. Mfanyabiashara Sam Farber alimwona mkewe, aliyekuwa na ugonjwa wa viungo vya mikono, akipata taabu kukishika. Wasanifu wa Smart Design wakapewa kazi ya kutafuta mpini mwingine, na mwaka 1990 vifaa vya OXO vyenye mipini minene na laini vikaanza kuuzwa. Kanuni yao ni kwamba msanifu asianze na mtu wa kawaida. Aanze na mwenye shida kubwa zaidi, kwa maana kifaa kinachomfaa mwenye mkono mgonjwa hakitamshinda mwenye mkono mzima.

Mwaka 2011 ilifuata Urbanized, inayohusu miji. Hapa Hustwit alitoka Ulaya na Marekani akatembea mbali zaidi. Oscar Niemeyer anazungumzia Brasília, mji mkuu wa Brazil uliojengwa upya kutoka mwanzo. Enrique Peñalosa, aliyekuwa meya wa Bogotá, anaendesha baiskeli katika njia iliyosakafiwa kwa ajili ya waenda kwa miguu na baiskeli, ilhali kando yake magari yanapita matopeni. Anasema kwamba huo ni usawa wa raia ulioandikwa juu ya ardhi. Kutoka Afrika, filamu inaonyesha Khayelitsha, karibu na Cape Town, mahali ambapo njia za miguu ziliwekewa taa na majengo yenye watu wa kuangalia usiku, ili wapitao wasivamiwe.

Nchini Chile, msanifu Alejandro Aravena alijenga nyumba za maskini kwa namna ya pekee. Kwa kuwa fedha hazikutosha nyumba nzima, alijenga nusu ile iliyo ngumu kujengwa na mwenyewe, akawaachia wakazi nafasi ya kuongeza nusu nyingine. Wakazi walipoulizwa wachague bafu la kuogea au mtambo wa kupasha maji moto, wataalamu walidhani watachagua mtambo. Walichagua bafu. Mtambo usio na fedha za gesi ni pambo tu, nao walilijua hilo kuliko wataalamu. Hapa ndipo filamu za Hustwit zinapopiga hatua muhimu: katika Helvetica alisema msanifu; katika Urbanized mtumiaji naye anaanza kusema.

5. Msanifu anayejuta

Mwaka 2018 Hustwit alirudi kwa mzee mmoja aliyemhoji zamani, akamtengenezea filamu nzima iitwayo Rams. Dieter Rams alizaliwa mwaka 1932 mjini Wiesbaden, akajifunza kupenda kazi safi kwa babu yake aliyekuwa seremala. Alijiunga na Braun mwaka 1955, na kwa zaidi ya miaka 30 akaongoza usanifu wake. Redio, saa na vikokotoo vya Braun vilipata umaarufu kwa kutokuwa na jambo lolote la ziada. Falsafa yake huelezwa kwa maneno machache: vitu vichache, lakini bora.

Mtu angetazamia filamu ya sifa tupu. Badala yake tunamwona mzee mwenye wasiwasi, anayesema kwamba lau angeanza maisha upya asingependa kuwa msanifu, kwa sababu dunia imejaa vitu visivyohitajiwa. Mwanafunzi wa fasihi ataitambua hali hii. Ni hali ya shujaa ambaye silaha aliyoifua mwenyewe imegeuka kuwa hatari kwa wale aliotaka kuwalinda. Kwa kumwachia nafasi ya kusema hivyo, Hustwit ameinusuru filamu yake isiwe tangazo la biashara.

6. Eno: filamu na fanani

Muziki wa Rams ulitungwa na Brian Eno, mwanamuziki wa Uingereza aliyezaliwa mwaka 1948, na kutokana na ushirikiano huo ikazaliwa filamu nyingine. Kwa miaka mingi Eno amevutiwa na muziki unaojitengeneza: mtunzi huweka kanuni, kisha kanuni hutoa sauti mpya kila mara. Hakupenda habari za maisha yake zifungwe katika simulizi moja. Hustwit akashirikiana na msanii Brendan Dawes kubuni programu ya kompyuta iliyoitwa Brain One, jina lililopatikana kwa kupanga upya herufi za jina la Brian Eno. Programu hiyo huchukua mahojiano na kumbukumbu nyingi za miaka mingi, ikaunda filamu tofauti katika kila onyesho. Filamu hiyo, Eno, ilionyeshwa mara ya kwanza katika tamasha la Sundance, Januari 2024.

Wengi waliiona kama jambo lisilopata kutokea. Katika filamu, yawezekana. Katika sanaa ya neno, la hasha. Mwaka 1960 Albert Lord alieleza katika The Singer of Tales kwamba kwa waimbaji wa tendi wa Yugoslavia kila uimbaji ulikuwa utungaji mpya. Nasi tunajua kwamba fanani wa ngano hana matini aliyoihifadhi neno kwa neno. Anayo mifupa ya hadithi, ana fomula za kufungulia na kufungia, na nyama huiweka papo hapo. Filamu ya Eno nayo imejengwa hivyo: baadhi ya sehemu za mwanzo na za mwisho zimefungwa mahali pake, nazo za katikati hubadilika. Paukwa na pakawa haziguswi. Kinachobadilika ni safari ya sungura.

Lakini ulinganisho huu una mpaka, na ni vyema tuuonyeshe. Fanani huitazama hadhira. Akiona watoto wanasinzia hufupisha. Akisikia kicheko hurefusha. Akijua kwamba jirani mchoyo yumo barazani, humpa fisi tabia za jirani huyo. Programu haimwoni mtu. Huteua kwa kanuni na kwa bahati, wala haijui kama chumba kimejaa au ni kitupu. Kwa hiyo filamu ya Eno ina ubadilikaji wa fasihi simulizi, lakini haina usikivu wake. Tofauti hii ndiyo inayotufundisha kwamba kiini cha utendaji si mabadiliko yenyewe bali ni sababu ya mabadiliko.

7. Tathmini

Tukiziangalia kazi hizi kwa jumla, tunaona safari yenye mantiki: kutoka herufi ya risasi, ambayo ubora wake ni kutobadilika, hadi filamu ambayo ubora wake ni kutojirudia. Katika safari yote swali ni moja: ni nani aliyeamua kitu kiwe hivi?

Kasoro zipo. Waliohojiwa katika Helvetica wengi ni wanaume wa Ulaya na Marekani. Mafundi waliosubu risasi, na wafanyakazi wanaounganisha mashine za Apple, hawana sauti kama waliyo nayo wenye kuzichora. Tena, kuwaachia wasanifu wajieleze wenyewe bila msimulizi kuna hatari yake: mwamba ngoma huvutia kwake. Hustwit huipunguza hatari hiyo kwa kuwakutanisha wanaopingana, lakini njia hiyo hushindwa mhusika anapokuwa mmoja tu.

Pamoja na hayo, mfano wake unafaa kufuatwa, na hatuhitaji kwenda mbali kupata mada. Tuchukue kanga. Majina ya kanga yamekusanywa na kufasiriwa mara nyingi katika taaluma yetu, kwa upande wa methali, mafumbo na mahusiano ya wanawake. Lakini jina la kanga si maneno tu. Ni maneno yaliyochorwa. Zamani yaliandikwa kwa hati za Kiarabu, kisha yakaandikwa kwa hati za Kirumi, aghalabu kwa herufi kubwa, yakawekwa mahali maalumu katika mji wa kanga, juu ya pindo. Nani aliyeamua ukubwa wa herufi hizo, nafasi baina yake, na pale neno refu litakapokatwa? Mtu huyo naye ni mfasiri wa methali, ingawa hatumtaji.

Uchunguzi wa namna hii hauna muda wa kusubiri. Max Miedinger alifariki mwaka 1980, miaka 27 kabla ya filamu juu ya herufi alizozichora. Hustwit alilazimika kumhoji Alfred Hoffmann, mwana wa yule aliyeziagiza. Kwa wengine aliwahi. Massimo Vignelli na Mike Parker walifariki mwaka 2014, Hermann Zapf mwaka 2015, Wim Crouwel mwaka 2019. Wote walikuwa wameketi mbele ya kamera yake na kueleza kwa vinywa vyao walichokifanya na sababu zake. Mchora kanga, mchonga milango na mwandika vibao wa miji yetu wanastahili kuulizwa maswali hayo hayo, nao waulizwe wangali wanaweza kuyajibu wenyewe.